Mmarekani Aliyekaa Eda na Bibi Yangu

Nyumba ya Bibi huko Al Khoudh, pembeni mwa Maskati, ilikuwa na harufu yake, na harufu hiyo ilikuwa ya udi. Kila alasiri Bibi alitia makaa kwenye chetezo akazunguka nacho chumba hadi chumba, akafukiza mapazia, mito, kanzu za Babu, hata mikoba yetu ya shule, kiasi kwamba wajukuu tukirudi kwetu Wattaya wenzetu darasani walijua tumetoka wapi. Alipofariki Babu harufu ile ilikatika siku moja. Bibi aliingia eda, na mjane aliye katika eda hajifukizi, hajipaki mafuta mazuri, hatii hina, wala hatoki nje ya nyumba ya mumewe ila kwa dharura, mpaka itimie miezi minne na siku kumi. Kilichobaki ni harufu ya kiyoyozi kilichochoka, vumbi lililopata moto na sabuni ya kufulia. Nilikuwa na miaka kumi na miwili, na nilifungiwa humo pamoja naye. Nasema kufungiwa kwa makusudi, maana ndivyo nilivyohisi, na mpaka leo sijapata neno la adabu zaidi.

Mwaka ule ukoo mzima ulipanga kwenda Salalah kipindi cha manyunyu, wakati milima ya kule inapogeuka kijani na watu wa Maskati wanakwenda kulowa kwa raha zao. Mimi nilikwishapanga nguo, pamoja na sweta niliyonunuliwa kwa safari hiyo, jambo la ajabu sana kwa mtoto wa Wattaya kumiliki sweta. Kisha Baba na kaka yake, Ami Nassor, wakakaa wakazungumza, na uamuzi ukatoka kwamba Bibi hawezi kubaki peke yake na mimi ndiye wa kukaa naye mpaka eda iishe. Binamu zangu wa kiume walikuwa na makelele, wasichana wakubwa walikwishaolewa, na wadogo walikuwa bado wanalilia mama zao. Nilichaguliwa kwa sababu nilikuwa katikati. Mama aliniwekea mkono begani akaniambia kwamba hiyo ni heshima, na nilimtazama kwa macho ambayo, kama ningekuwa na binti, nisingependa anitazame nayo.

Siku za nyumba ile zilifanana zote. Asubuhi walikuja wanawake wa mtaani kumjulia hali kizuka, ndivyo aitwavyo mjane wa eda, wakanywa kahawa, wakasema maneno yale yale ya jana, wakaondoka kabla jua halijawa kali. Kuanzia hapo mpaka Magharibi nje hakukuwa na mtu. Nilikuwa nikifungua pazia kidogo na kuangalia barabara nyeupe, ukuta wa jirani, na basi la chuo kikuu likipita bila abiria, maana wanafunzi nao walikuwa likizo. Bibi alikaa kwenye kochi lake na tasbihi, amevaa dira la rangi ya vumbi lisilo na ua hata moja, halalamiki. Hilo ndilo lililoniudhi zaidi. Ningependa tulalamike wote wawili, tuwe upande mmoja, lakini yeye alikuwa ametulia kabisa na mimi nikabaki mfungwa peke yangu.

Kitabu alikileta yeye. Kilikuwa kikubwa, jalada la kahawia lililopauka, na Babu alikinunua kwa mhadhiri mmoja mgeni aliyekuwa anauza vitu vyake vyote kabla ya kurudi kwao. Kilieleza maisha ya Mmarekani mmoja wa zamani, mfanyabiashara na mwanasiasa wa jimbo lake, mtu ambaye nina hakika hata Wamarekani wenyewe wamekwishamsahau. Alikuwa na majina matatu marefu na hatukuweza kuyatamka vizuri hata moja, hivyo tulimwita Mmarekani tu. Katikati ya kitabu palikuwa na risiti ya dobi, Babu ameiweka pale alipofika. Bibi hakujua Kiingereza. Alinipa kitabu kwa mikono miwili.

"Babu yako miezi yake ya mwisho hapa alikuwepo mwili tu," alisema. "Nkimsemesha aniambia, 'Subiri kidogo, huyu Mmarekani ananipa mambo.' Sasa mie nna haki ya kujua mambo gani hayo. Nisomee, kwa Kiswahili."

Nilikuwa wa kwanza darasani kwa Kiingereza na nilijivuna kwa hilo. Sikuomba kamusi. Nilianza ukurasa wa kwanza mchana ule ule, nikisoma sentensi kimya halafu nikiigeuza kwa sauti, na penye neno nisilolijua niliweka lolote lililofanana. Mmarekani alizaliwa shambani, kwenye ardhi ya mawe, sehemu ya nchi ambayo theluji hukaa miezi mitano. Baba yake alikufa yeye angali mtoto. Alipofika miaka kumi na minne akawekwa kwenye duka la vyuma, kazi yake kupima misumari, na kitabu kilisema kwamba aliipima misumari kwa uaminifu mpaka mwenye duka akampenda na kumwachia duka. Bibi alifurahi sana na misumari ile. Alinirudisha nyuma mara mbili niisome tena, na akasema kwamba mtu anayepima kitu kidogo sawasawa ni mtu wa kuaminiwa, akaanza kumkubali.

Siku ya tatu au ya nne tulikuta kitu kilichotuamsha wote wawili. Yule mtu aliuza duka akanunua kiwanda cha nguo kando ya mto, na nguo aliyoifuma ilikuwa ile ya pamba nzito isiyotiwa rangi, ikapakiwa kwenye meli na kupelekwa mpaka pwani ya Afrika Mashariki. Unguja ilitajwa kwa jina. Bibi alinyoosha mkono nikampa kitabu, akaweka kidole juu ya neno lile asiloweza kulisoma. "Basi ni merikani," alisema. "Mama yangu alikuwa akishona foronya za magodoro kwa merikani. Sisi tukilalia merikani, na sikuwahi kujiuliza kwa nini inaitwa hivyo." Nadhani ndiyo sababu Babu alikipenda kitabu kile. Alizaliwa Mkunazini, Unguja, akaja Oman kijana, akafanya kazi wizarani miaka yote, na uzeeni akakuta mtu wa barafuni huko aliyemfumia godoro alilolalia utotoni. Kuanzia siku ile Bibi alikuwa akinisubiri na kitabu mkononi kabla sijamaliza kunywa chai.

Halafu tukaingia kwenye siasa, na hapo ndipo elimu yangu ilipoishia. Kwa Kiingereza mtu anayegombea cheo husemwa kwamba anakimbia, na cheo chenyewe ni neno lile lile la ofisi. Mimi nilimsomea Bibi kwamba Mmarekani akiwa na miaka arubaini alikimbilia ofisini. Bibi akauliza kama alichelewa. Nikasema kitabu hakikueleza. Kurasa mbili mbele akakimbia tena, na safari hii akashindwa, na Bibi akasema kwamba kwa umri ule ilikuwa lazima ashindwe, bora angepanda farasi. Lakini kosa kubwa lilikuja na neno jingine. Baraza lao la kutunga sheria Wamarekani wanaliita nyumba, na mjumbe husemwa kwamba amekaa ndani yake kwa muhula mmoja au miwili. Niligeuza kama lilivyo. Nikamwambia Bibi kwamba Mmarekani, baada ya kukimbia mara ya tatu, alikaa nyumba mihula miwili.

Bibi aliweka tasbihi chini. "Alikaa nyumba?"

"Ndiyo, Bibi. Mihula miwili."

"Mihula ya skuli?"

"Nadhani."

"Kafiliwa na nani?"

Nilitafuta kwenye ukurasa nikaona palitajwa kufariki kwa mtoto wake mdogo, kipindi kile kile. Nikamwambia. Bibi akatikisa kichwa polepole. Alisema kwamba hakujua kama kwa Wamarekani mwanamume naye hukaa eda, tena kwa mtoto, tena mihula miwili, na kwamba watu wanasema mengi juu ya Wamarekani lakini hili hawalisemi. Kutoka hapo kila nilipofika kwenye nyumba ile, nami niliifikia mara nyingi kwa sababu mtu yule alikaa barazani miaka na miaka, Bibi alimwona amejifungia kwake, pazia limeshushwa, watu wakimjia kumtaka ushauri. Aliposimama nyumbani akasema maneno makali juu ya daraja, Bibi alielewa kwamba alisimama ukumbini kwake na watu wakaja kumsikiliza. Aliposuluhisha ugomvi wa wenye viwanda viwili, aliusuluhisha akiwa ndani. Mara ya kwanza tangu Babu azikwe nilimsikia Bibi akicheka, pale Mmarekani alipogombana na mwenzake nyumbani mpaka wakatupiana wino. "Nyumba ya watu wote wanakaa eda," alisema, "lazima wagombane." Nami nilicheka naye. Kwa saa hizo mbili za mchana nilisahau Salalah, na nasema hivi ili isidhaniwe kwamba nilimchukia.

Aliyeharibu ni Ami Nassor. Alikuja Ijumaa baada ya Swala, kama kawaida yake tangu warudi Salalah, akatukuta tukisoma. Aliuliza tunasoma nini, Bibi akamhadithia kwa furaha habari za Mmarekani aliyekaa nyumba. Ami alichukua kitabu, akaangalia ukurasa, akacheka mpaka akafuta macho. Akaeleza kwamba ile si nyumba, ni kama Baraza la Wawakilishi la Unguja, na bwana huyo hakukaa ndani hata siku moja, alikuwa mtu wa kusafiri na kupiga hotuba. Nilitamani sakafu inimeze. Bibi hakunitazama vibaya. Alimsikiliza mwanawe mpaka mwisho, kisha akasema, "Mie nilimpenda alivyokuwa anakaa nyumba." Ami akacheka tena, yeye akafikiri ni mzaha.

Siku hiyo hiyo Ami alisema lile alilokuja nalo. Eda ikimalizika Bibi ahamie kwake Mawaleh, nyumba ile ya Al Khoudh ikodishwe, maana ni kubwa na mwanamke wa umri wake hawezi kukaa peke yake. Bibi alijibu kwa upole kwamba yeye hatoki kwake. Aliishi pale na mumewe, na mlango ule anaujua hata akifumba macho. Ami akauliza ni nani basi atakayekaa naye, na Bibi, bila nia mbaya yoyote, akageuza uso akanitazama mimi. Usiku haujaingia Baba alikwishapiga simu. Kama Bibi ameng'ang'ania kubaki, mimi nitahamishiwa shule ya Al Khoudh na nitaishi naye mpaka Mungu alete njia nyingine. Alizungumza kama mtu anayenipa zawadi. Nilishika simu nikaona miaka yangu yote imewekwa ndani ya ule ukumbi na pazia limeshushwa. Miezi minne nilikuwa naihesabu kwenye kalenda ya jikoni, kila siku nakata mstari. Hii mingine haikuwa na kalenda.

Tulikuwa tumekwishaipita risiti ya dobi. Bibi alikuwa ameing'oa mwenyewe, akaibusu, akaitia ndani ya Msahafu wake, akasema, "Hapa ndipo alipoishia. Sasa tunamsomea yeye." Aliamini kwamba Babu hakusoma kitu bure. Babu alikuwa anakwenda mahali na kitabu kile, alisema, na mauti yakamkuta njiani, na sisi tukifika mwisho tutajua alikuwa anakwenda wapi. Nilimsikia akisema hivyo mara tatu au nne, ndiyo maana siwezi kujitetea kwamba sikujua uzito wa nilichofanya.

Baada ya Ami kutusahihisha nilikuwa mwangalifu. Nilianza kusoma sura kwanza peke yangu, wakati Bibi amelala mchana, kisha namgeuzia akiamka. Hivyo ndivyo nilivyoikuta sura ya ujane. Mmarekani aliacha siasa uzeeni, na msimu mmoja wa baridi mkewe akafa. Watoto wake walikuwa mjini mbali, wana kazi zao na majumba yao, wakamwandikia barua aende akaishi nao. Akajibu kwamba atakwenda theluji ikiyeyuka. Theluji ikayeyuka, akasema paa linavuja. Mwaka wa pili akasema mto umejaa. Nyumba yake ilikuwa na vyumba kumi na kimoja, na kwa kuwa kuni zilimshinda akawa anavifunga kimoja kimoja, mpaka akabaki anaishi jikoni, na watu wa mji wakawa wanaingia kwa mlango wa nyuma kumwuliza habari za mipaka na mabwawa. Watoto walikuja kumchukua mara mbili na mara mbili wakarudi peke yao. Alifia kwenye kiti chake, pembeni ya jiko, na kitabu kilisema kwamba uso wake ulikuwa wa mtu asiyedaiwa na yeyote.

Nilifunga kitabu. Niliona wazi kitakachotokea. Bibi akisikia sura ile, Ami Nassor angeweza kuleta mashekhe wote wa Maskati na asingemtoa. Angesema Babu ndiko alikokuwa anakwenda. Na mimi ningebaki naye jikoni, vyumba vinafungwa kimoja kimoja.

Alipoamka akatawadha, akasali Alasiri, akaketi. Nilifungua ukurasa ule ule na macho nikayaweka kwenye maandishi, kwa sababu nilijua kwamba msomaji akiinua macho hugundulika. Nikasoma kwamba mke wa Mmarekani alikufa. Bibi akamrehemu. Nikasoma kwamba watoto wake walimwita. Nikasoma kwamba alifunga nyumba, akampa ufunguo jirani, akapanda treni mpaka kwa mwanawe mkubwa, akapewa chumba kinachotazama barabara, wajukuu wakawa wanamzunguka, na akasema kwamba kama angejua angekuja mapema. Sikuwahi kutafsiri vizuri namna ile. Maneno yalikuja yenyewe, bila kukwama, na ni ajabu Bibi hakuligundua hilo, kwamba siku zote nilisoma kwa kusuasua isipokuwa siku ile.

"Alikubali hivi hivi?" aliuliza.

"Alikubali."

"Na baada ya hapo hakutamani kurudi kwake?"

"Haijaandikwa," nilisema, na hilo ndilo neno pekee la kweli nililomjibu jioni ile.

Bibi alitazama ukumbi wake, makochi, saa ya ukutani, mlango wa chumba cha Babu ambao tuliuacha wazi kidogo. Nilidhani atalia, na kama angelia labda ningesema. Hakulia. "Basi ndiko alikokuwa anakwenda Babu yako," alisema. "Kama angefika angeniambia." Ijumaa iliyofuata, kabla Ami hajafungua mdomo, Bibi alimwambia kwamba eda ikiisha atahamia kwake na hana neno. Ami alimbusu kichwani. Baba akapiga simu kuniambia nijiandae kurudi Wattaya. Lazima niseme hili kama lilivyo: nilifurahi. Nilikwenda chooni nikafunga mlango, nikaruka ruka kimya kimya mpaka nikachoka.

Nilisoma tena kitabu kile nikiwa mkubwa na nikaona kwamba mimi si mtu wa kwanza kuruka kurasa katika maisha ya Mmarekani yule. Mwandishi ameeleza kwa mapana misumari, daraja, mashine na hotuba, lakini pamba iliyofumwa merikani imetajwa kama kitu kilichofika kiwandani chenyewe. Hakuna mkono ulioichuma. Mwaka ule Bibi aliniuliza swali hilo hilo, pamba inatoka wapi kama kwao kuna theluji, nami nikamwambia inatoka kusini, na tukaendelea. Watu waliokuwa watumwa kule kusini walipita mbele yetu namna hiyo, kwa neno moja, katika ukumbi wa watu wa Unguja ambao nao wana kurasa zao wasizopenda kusoma kwa sauti. Nalieleza hili kwa sababu ni kweli, na halinipunguzii langu.

Mawaleh Bibi hakudhulumiwa. Ningependa ingekuwa rahisi kiasi hicho. Alipewa chumba cha chini chenye choo chake na televisheni, na mke wa Ami, Bi Raya, ni mwanamke mwema ambaye sijawahi kumsikia akimpandishia mtu sauti. Lakini Bibi akishika kisu aliambiwa, "Mama, pumzika." Akikunja nguo aliambiwa apumzike. Chakula kilimfuata kwenye sinia, kimefunikwa vizuri. Soko kubwa la mboga na matunda lilikuwa karibu wakati ule, alfajiri akiyasikia malori yakiteremsha mizigo, na aliomba mara nyingi apelekwe akachague ndizi mwenyewe. "Sokoni hapo tu, nnasikia malori," alimwambia Baba. Kila mara jua lilikuwa kali, au dereva hayupo, au ndizi zimekwishaletwa. Tulikuwa tukimtembelea Ijumaa, tukimkuta amekaa kwenye kitanda, msafi, anakaribisha kila mtu kwa jina. Siku moja nilimsikia akimwambia jirani aliyemwuliza hali, "Mie mzima. Nimekaa." Jirani alidhani amemaliza kujibu. Mimi nilijua neno hilo lilikotoka, na sikuweza kunywa chai yangu.

Nilipofika miaka kumi na tisa niliingia chuo kikuu, na chuo kikuu kiko Al Khoudh. Nilikuwa nikipita mbele ya nyumba ile karibu kila siku kwa gari dogo nililonunuliwa na Baba. Ilikuwa imekodishwa kwa wanafunzi. Nguo za watu zilianikwa kwenye roshani ya Bibi. Nilivumilia mwaka mmoja, kisha alasiri moja katikati ya wiki nikaendesha mpaka Mawaleh, nikaingia chumbani kwake, nikafunga mlango, nikamwambia. Nilimwambia kwamba Mmarekani hakuondoka.

"Hakuondoka?"

"Hakuondoka, Bibi. Wanawe walimwita akakataa. Walimfuata akakataa. Alifia jikoni kwake."

"Na kitabu ndivyo kilivyosema."

"Ndivyo kilivyosema. Mimi nilikudanganya. Nilitaka kurudi kwetu."

Nilikuwa nimejiandaa kwa mambo mawili, kugombezwa au kusamehewa, na kwa kweli nilikwenda kutafuta la pili. Bibi zetu husamehe. Hukuvuta kichwa wakakilaza mapajani, wakakusomea dua, ukatoka mwepesi. Nilipiga magoti pale karibu na kitanda nikingoja kuvutwa kichwa. Bibi alinitazama kwa makini, kama anayetaka kuhakikisha amesikia vizuri, na usoni mwake hamkuwa na hasira yoyote.

"Nyumba ipo?" aliuliza.

"Ipo."

"Basi nirudishe."

"Bibi, mna wapangaji. Wanafunzi wamepanga."

"Sikukuuliza yumo nani. Wewe ndiye uliyenitoa. Nirudishe."

Akainuka. Alichukua abaya yake iliyotundikwa nyuma ya mlango akaivaa, akajifunga mtandio vizuri, akatia Msahafu na miwani kwenye mkoba, akakaa ukingoni mwa kitanda akiuelekea mlango, mkoba mapajani, miguu imekwishaingia kwenye viatu. Nilimwambia nakwenda kuleta gari. Nilimfuata Ami ukumbini nikamsihi, nikimweleza nusu nusu, na Ami akanijibu kwa huruma kwamba mkataba ni wa mwaka mzima na kwamba Mama amekwishazoea hapa, nisimtie fikira. Nilitoka nje. Gari lilikuwa mbele ya mlango, hatua kumi. Nikaingia, nikakaa ndani yake mpaka jua likaanza kushuka, nikiwaza nitamwingiza nyumba gani, nitawaambia nini wale wanafunzi, nitalala naye wapi. Kisha nikawasha, nikaondoka peke yangu.

Bi Raya alinieleza baadaye kwamba Bibi alikaa vile vile mpaka adhana ya Magharibi. Hapo akavua abaya, akaitundika, akasali. Hakumwambia mtu alikuwa anangoja nini. Wiki iliyofuata nilipokwenda alinipokea kama siku zote, akaniuliza masomo, akanipa pipi kutoka kwenye kopo lake, na habari ya Mmarekani haikutajwa tena kati yetu. Aliishi mwaka mmoja na miezi michache baada ya hapo, na alitoka chumba kile akiwa amebebwa.

Leo nafanya kazi katika duka moja la magari, Wattaya, na siku nzima nawakabidhi watu funguo za magari mapya. Naishi ninapotaka. Salalah nimekwenda mara tatu, na manyunyu yale ni mazuri kweli, kama walivyosema. Hakuna anayeniamulia mahali pa kulala wala nani nikae naye, na wasichana wa ukoo wetu wananitazama mimi wanapotaka kuwaonyesha baba zao kwamba inawezekana. Nikiipima ile eda ya utotoni na maisha haya, naona kwamba kifungo changu kilikuwa kifupi na kilikuwa na mwisho uliojulikana tangu siku ya kwanza, na kwamba mlango wangu niliufungua kwa kuufunga wa mtu mwingine. Nikiona mwanamke mzee amekaa na mkoba mapajani, hospitalini au kwenye kivuli cha kituo cha basi, siwezi kumpita. Nasimama, nashusha kioo, namwuliza anakwenda wapi. Wengi nimewafikisha makwao. Bibi yangu nilimwambia nakwenda kuleta gari.